Jiwe Lililotoka Bila Rangi

Kisangani, 8 Desemba 2024

Tonton Waziri,

Ninakusalimu mimi Karima, na hapa nyumbani wote wanakusalimu. Mama yupo. Goti lake limeanza tena kumuuma tangu mvua ziliporudi, lakini bado anakaanga mikate kila asubuhi na kuiuza yote kabla ya saa tatu. Zaina wa nyumba ya pili ameolewa na fundi cherehani. Mimi nimepata diplôme yangu ya sekondari. Mama aliitia ndani ya plastiki akaitundika juu ya televisheni, ile isiyowaka, na kila mgeni anaonyeshwa. Mimi huwa natoka nje wakati huo.

Sasa jambo lenyewe. Wifi Rosine amejifungua. Ni mtoto wa kiume, tarehe ishirini na nne ya mwezi uliopita, kwenye kituo cha afya, bila shida kubwa. Ana masikio ya kaka Hamadi, yale yaliyosimama. Mama alipoyaona alicheka mpaka nesi akamwambia anyamaze.

Lakini mtoto hana jina. Wewe unajua desturi ya nyumba yetu kuliko mimi: baba ndiye anayetoa jina, na mkubwa wa ukoo analitamka kwenye sikio la mtoto. Mkubwa sasa ni wewe, ndugu wa baba yetu, kwa kuwa yeye hayupo tena. Siku ya saba imepita na kaka hajatutumia jina lolote. Rosine anasema kwao Yanonge mtoto hawezi kukaa hivi, kama mzigo uliosahauliwa ufukweni. Tunamwita Bébé tu.

Wiki hii jirani mmoja alisema, "Kama baba yake haandiki, si mumuite Hamadi, mumalize?" Mama alimfukuza na kijiko cha mafuta ya moto. Unajua kwa nini. Kwetu mtoto wa kiume hachukui jina la baba yake isipokuwa baba amekufa kabla ya kumwona.

Tonton, barua ya mwisho ya kaka ilikuwa ya Septemba. Ulipokuja kumwomba kwa Mama mwezi wa sita, ili aende nawe kuchimba dhahabu, ulisema, "Atakuwa machoni pangu." Mama anakumbuka maneno hayo na anayarudia akiwa peke yake jikoni. Tafadhali mwambie kaka aandike, hata mistari miwili, na atupe jina.

Barua hii anaichukua Sadrack wa pikipiki mpaka Bengamisa. Anasema kutoka hapo kuna watu wanaotembea mpaka kwenu.

Mtoto wako,
Karima


Kwenye mashimo, nyuma ya Bengamisa, 29 Desemba 2024

Karima, mutoto ya kaka yangu,

Barua yako imefika na alama ya mafuta ya pikipiki, lakini nimesoma yote. Unisamehe mwandiko. Mimi ni fundi wa mbao, kalamu iko nzito kwangu kuliko randa.

Hapa mvua inanyesha bila kuuliza mutu. Kula tunakula, shikwange ya muhogo na majani, na mara nyingine nyama ya pori. Kazi yangu ni ileile, kusimamisha nguzo ndani ya mashimo ya watu, udongo usiwaangukie. Mugongo unauma. Mambo mengine hayana neno.

Nimefurahi sana kwa diplôme. Baba yako angekuwa hapa, angetembea nayo mukononi barabara yote.

Niliposoma habari ya mutoto nilikaa chini juu ya mbao. Vijana wakaniuliza, "Papa Waziri, ni msiba?" Nikawaambia hapana, ni mutoto.

Bon. Hamadi iko kambi nyingine, ndani zaidi ya pori. Mukono uliumia kidogo, ndiyo maana haandiki. Amesema mutoto aitwe Zakaria, jina la baba yenu. Mimi siwezi kutoka hapa sasa, kazi imenishika. Muombeni mzee wa msikiti alitamke mahali pangu.

Ndani ya kopo la maziwa ninalotuma na barua hii kuna jiwe. Hamadi alilitoa jana na mukono wake, akasema, "Hili ni la mutoto." Muliweke tu.

Umusalimie mama yako. Umwambie ale dawa ya goti.

Waziri


Kisangani, 19 Januari 2025

Tonton Waziri,

Tumshukuru Mungu, barua yako imefika siku Mama alipokuwa amelala mchana, jambo ambalo halifanyi kamwe, na mimi nilikuwa nimeanza kuogopa. Nilipomsomea aliamka akacheza, na goti lake lile lile. Rosine alicheka kidogo, kisha akaenda ndani kumbadilisha mtoto. Jumapili tulichinja mbuzi mdogo, mzee wa msikiti akalitamka jina sikioni, na mtoto akapiga chafya. Sasa ni Zakaria. Uzito wake unaongezeka. Usiku analia kama mtu aliyedhulumiwa.

Mama amenifanya niisome barua yako mara nyingi. Mara ya mwisho aliniuliza, "Hakusema kwamba Hamadi yuko machoni pake?" Nikamjibu, "Mama, anasema yuko kambi nyingine." Akasema, "Bon," akarudi kwenye karai lake la unga.

Jiwe ni zuri kuliko kitu chochote tulicho nacho. Ni bluu ya wino, karibu nyeusi ukiliweka kivulini, lakini ukilishika mbele ya jua pembeni panapita mwanga kama kwenye chupa ya dawa. Na ni laini. Nililikwaruza kwa ukucha likaacha unga. Jirani yule yule akasema ni saphir, jiwe la thamani, tuliuze haraka. Mama akamwambia kitu cha mtoto hakiuzwi, na akamuuliza kama yeye hana nyumba yake.

Nataka kukuambia nilichofanya, na usinicheke. Nililipeleka chuoni, kule wanakosoma mawe. Nilisimama mlangoni muda mrefu, kwa sababu sikujua nianzeje. Mwanamke mmoja akatoka akasema, "Wewe msichana, unauza nini? Kama ni mayai, leo hatuna pesa." Nikamwonyesha tu jiwe. Anaitwa Madame Clémence, anafundisha hapo. Alilitazama kwa kioo chake, akaniita ndani, akaniletea kiti.

Anasema jiwe kama hili hajawahi kuliona likitoka upande wetu. Anadhani anajua ni la jamaa gani, lakini hana hakika, na huenda ni jipya. Ikiwa ni jipya, linahitaji jina. Aliniambia mawe hupewa jina la mahali yalipotoka, au la mtu. Nikamuuliza, kwa sauti ndogo, kama linaweza kupewa jina la aliyelitoa ardhini. Akasema ndiyo, ila kama mtu huyo yuko hai lazima akubali mwenyewe.

Tonton, tangu siku hiyo nalala nikifikiria jiwe lenye jina la kaka yangu, limeandikwa kwenye vitabu, na wanafunzi wa nchi za mbali wanalisoma. Mimi sina pesa za kuingia chuo, lakini ningekuwa nimefanya kitu.

Kwa hiyo naomba mambo matatu. Mstari mmoja wa kaka wa kukubali, hata kama ni kwa mkono wa kushoto. Jina ambalo wachimbaji wa huko wanaliita jiwe hili, kwa sababu Madame anataka kulijua. Na kipande kingine, lakini hiki kifungwe ndani ya udongo wake wenyewe, udongo wa maji, kisione jua hata kidogo mpaka kimfikie. Hakunieleza sababu. Alisema nitaona.

Rosine naye anataka kuuona mwandiko wa mume wake.

Karima wako


Kwenye mashimo, 2 Machi 2025

Karima,

Nimechelewa kukujibu. Mafuta ya taa yalikwisha, na mchana niko chini ya ardhi.

Nimefurahi kwa mbuzi. Nimefurahi kwa chafya. Umwambie Rosine azungushe dawa ya mbu kwenye kitanda cha mutoto.

Kipande nimekutumia. Kiko ndani ya udongo, udongo uko ndani ya majani, nimefunga na kamba. Sadrack asikiweke juu ya injini.

Jina hakuna. Sisi tunaliita jiwe la bluu, basi.

Hamadi hataki jina lake juu ya hili jiwe. Usimwombe tena. Kama chuo wanataka jina, waweke la Bengamisa, au la huyo madame mwenyewe.

Kitu kimoja. Lile jiwe la kwanza, musimupe mutoto alichezee. Muliondoe karibu na kitanda chake.

Waziri


Kisangani, 23 Machi 2025

Tonton Waziri,

Amani iwe kwako huko uliko. Mama ana nafuu. Zakaria amejua kucheka, na anacheka zaidi akimwona Sadrack, kwa sababu ya kofia yake ya pikipiki. Sadrack anasema, "Huyu ni dereva, mumuandikie kibali." Bei ya unga imepanda, Mama amefanya mikate iwe midogo, na wateja wanamwambia imepata ugonjwa. Hizo ndizo habari zetu.

Tonton, barua hii nimeianza mara kadhaa. Unajua kwamba mimi mbele ya watu siwezi kusema. Kwenye karatasi naweza, lakini leo hata karatasi ni ngumu.

Kifurushi chako kilifika kizima. Nilikipeleka kwa Madame Clémence bila kukifungua. Alifunga mapazia, akafungua majani, akauosha udongo polepole ndani ya bakuli. Nilingoja kuona bluu. Tonton, hakukuwa na bluu. Kilichotoka kilikuwa kama kioo, kama kipande cha barafu, hakina rangi yoyote. Nikafikiri umekosea jiwe. Madame akasema, "Subiri." Akakivunja vipande viwili, kimoja akakifungia kwenye droo, kingine akakiweka dirishani.

Kabla sijaondoka, kile cha dirishani kilikuwa kimeanza kuwa kijani kidogo. Kesho yake kilikuwa bluu ya maji ya sabuni. Nimekuwa nikienda kila siku. Leo ni bluu kweli, bluu nzuri, lakini bado ni nyepesi. Kile cha kwenye droo bado ni cheupe.

Madame amenieleza. Hili jiwe ndani ya ardhi halina rangi. Likiona mwanga ndipo linageuka, na linaendelea kugeuka, mwezi baada ya mwezi, mpaka linakuwa kama wino, na mwisho jeusi. Si jiwe jipya, Tonton. Ni la nadra kwetu, lakini lina jina tangu miaka mia mbili. Linaitwa kwa jina la mtu mmoja wa Uingereza aliyekuwa na machimbo kwao. Nilisikia aibu, kama mtu aliyevaa nguo ya sherehe akakuta sherehe imekwisha. Madame aliona uso wangu akasema, "Jina la kwenye kitabu ni moja. Waliolitoa ardhini wanaliita nini?" Nikamjibu kwamba unasema halina jina. Akasema, "Watu hawawezi kukaa na kitu kama hiki bila kukipa jina."

Kisha akaniambia linapozaliwa. Linakua kwenye udongo wa maji usiopata hewa, mahali pa mbao za zamani zilizozikwa. Au mifupa.

Nilitembea kwa miguu mpaka nyumbani. Nilipofika nililichukua lile la kwanza, ambalo Mama ameliweka juu ya sanduku la nguo, nikaliangalia. Barua yako ya Desemba ilisema kaka alilitoa jana yake. Lakini lilitufikia likiwa tayari bluu ya wino. Jiwe lililotoka jana haliwezi kuwa na rangi ile. Lile lilikuwa limeona mwanga miezi.

Na tena, mkono ulioweza kuchimba jiwe, ulishindwaje kushika kalamu?

Sisemi kwamba umesema uongo. Wewe ni baba yangu sasa, siwezi kukuambia neno hilo. Ninauliza tu, na naomba unijibu kama mtu mzima: kaka Hamadi alilitoa lini jiwe hili? Na baada ya kulitoa, alifanya nini?

Sijamwambia Mama. Sijamwambia Rosine. Nabeba peke yangu.

Karima


Kwenye mashimo, 27 Aprili 2025

Karima, mwanangu,

Salamu zako nimezipokea. Mimi sina za kutuma.

Barua yako ilikaa chini ya kichwa changu. Nilitaka kukuandikia kwamba lilikaa kwenye mufuko, kwamba nilisahau, kwamba mawe yanatofautiana. Umeuliza kama mutu muzima. Nakujibu.

Alilitoa mwezi wa kumi, siku ya mvua kubwa. Mimi nilikuwa juu yake, nasimamisha nguzo. Yeye alikuwa mwisho wa njia ya chini, na tochi kichwani. Alinipitishia karai, na juu ya udongo kulikuwa hilo jiwe, jeupe kama kioo. Akaniita, "Tonton, angalia, nimepata sukari ya mama."

Nilikuambia halina jina. Liko na jina. Hapa kila mutu analijua. Linaitwa Zonga. Rudi. Kwa sababu kabla yetu walikuwa watu wengine waliochimba hapa, hakuna anayejua ni wa wakati gani, na mashimo yao yaliwafunika. Mbao zao ziko ndani, na wao wenyewe wako ndani, na hilo jiwe linakaa juu yao. Ukiliona, umeingia ndani ya shimo ya wafu. Udongo uliofunguliwa zamani haushiki tena. Mutu akiliona anaacha kila kitu, anapanda, na shimo inafungwa. Hiyo ndiyo maana yake, hakuna ingine.

Nikamwambia, "Hamadi, hiyo ni Zonga. Panda." Akacheka. Unajua anavyocheka. Akasema, "Tonton, jiwe halina mudomo. Uniwekee, ni la mutoto. Nimalize karai hili moja, napanda."

Jiwe lilikuwa kwenye mukono wangu wakati udongo ulipotembea. Nguzo zangu zilishika, Karima. Unasikia? Hata moja haikuvunjika. Udongo ulipita katikati yao kama uji. Nilipofungua mukono, baadaye, juu, mbele ya watu, lilianza kuwa bluu.

Tulichimba mpaka wote wakachoka. Kisha mwenye shimo akaamuru lifukiwe, akafungua lingine pembeni. Mimi sikuondoka. Nilikuwa nafikiri nitamupata kwanza, nimulete, mama yako amuzike kama mutu, ndipo niseme. Kisha barua yako ikafika na habari ya mutoto. Uniambie, ningeandika nini siku hiyo? Nikaandika jina la baba yenu, kwa sababu ndilo jina la kwanza lililokuja.

Nachimba kutoka upande wa kijito, peke yangu, nikimaliza kazi ya watu. Vijana hawataki kuingia na mimi, na wako na haki. Kile kipande cha pili ni mimi nilikitoa, mule. Zonga imeanza kuonekana upande wangu pia. Kwa hiyo najua niko karibu naye.

Nilimwambia mama yako atakuwa machoni pangu. Alikuwa machoni pangu. Siwezi kurudi kusimama mbele yake na macho matupu. Nitarudi na yeye.

Mutoto apewe jina la baba yake. Sasa inaruhusiwa.

Waziri


Kisangani, 11 Mei 2025

Tonton Waziri,

Leo naomba uniruhusu nipunguze salamu. Tuko hai, watu wanne.

Nimewasomea barua yako, Mama na Rosine pamoja, kwa sauti. Sijawahi kusoma kwa sauti kitu kirefu hivyo, hata shuleni. Sikuruka neno. Nilipofika kwenye nguzo, Mama aliondoa kikaango motoni, akakiweka chini taratibu, mafuta yasimwagike. Hakulia wakati ule. Alilia usiku, na mimi nikajifanya nimelala, kwa sababu niliona ndivyo alivyotaka.

Rosine alikuwa ananyonyesha. Hakumwondoa mtoto. Alisema, "Mimi nilijua tangu ile barua ya Desemba." Tukamtazama. Akasema, "Hamadi aliniambia kabla hajaondoka, akipata mvulana ataitwa Waziri, kwa ajili ya tonton yake, ila nisiseme mpaka alitoe mwenyewe. Jina lilipokuja Zakaria, nilijua si yeye aliyelitoa. Nikasema, acha Mama acheze siku moja."

Ndivyo ilivyo, Tonton. Jina alilolitaka kaka ni lako. Sikuandiki hili kukuumiza. Nimefikiria sana kama niliandike, na nimeona kwamba katika nyumba hii kila mtu alikuwa anamfichia mwenzake, na mtoto katikati anaitwa jina ambalo baba yake hakumpa.

Sasa ninakuambia maneno ya Mama, kama alivyonituma. Amesema mtoto hatapewa jina la marehemu kwa karatasi. Amesema jina hilo linatoka mdomoni, mdomo wa mkubwa wa ukoo, kwenye sikio la mtoto, na mkubwa ni wewe, mzee wa msikiti hatatamka tena mahali pako. Mpaka siku hiyo tumeacha kumwita Zakaria. Amerudi kuwa Bébé. Matanga pia hayajaanza. Majirani wameanza kuuliza kwa nini Mama hafanyi mikate, na yeye anawajibu goti. Mkeka hautandikwi mpaka uje ukae juu yake. Nilimuuliza, "Na mwili, Mama?" Akasema, "Umuandikie kwamba shimo limechukua mmoja wangu. Sikulipa wawili. Yeye, shemeji yangu, hakuwa kwenye hesabu." Akaongeza kwamba hataki macho yako yawe na kitu ndani. Anayataka tu yawe wazi.

Mimi ninalo langu.

Nilirudi kwa Madame Clémence. Ana kabati la vioo lenye mawe, na kila jiwe lina kipande cha karatasi mbele yake. Kile cha dirishani amekiweka humo. Juu aliandika jina la kwenye kitabu, la yule mtu wa Uingereza. Kisha akanipa kalamu, nikaandika chini yake, *Zonga*, na pembeni maana yake kama ulivyonieleza. Mwanafunzi mmoja alikuwa amesimama nyuma yangu, akasoma, akaniuliza, "Na aliyeliona akarudi, anakuwa amepata nini?" Sikumjibu. Nilikuwa na jibu, lakini unanijua.

Ninalijibu swali lake hapa: amewapata wanaomngoja. Ndani ya kopo hili utakuta jiwe la kwanza, lile la kaka. Mama amekubali nilitume. Limekuwa jeusi kabisa sasa, ukiligeuza utaona bluu kidogo tu ukingoni. Sadrack ameapa kulifikisha yeye mwenyewe mpaka kwenye mashimo, ataiacha pikipiki Bengamisa na kutembea. Nimemwambia asikupe mbele ya watu, akungoje kwenye mdomo wa lile tundu lako la upande wa kijito, na akuwekee mkononi ukitoka.

Umeandika kwamba Zonga imeanza kuonekana upande wako, na kwa hiyo uko karibu. Umesahau maana yake, Tonton. Wewe ndiye uliyenifundisha, na umesema hakuna nyingine.

Kaka alilishika, akakupitishia, akaendelea. Wewe ukilishika, uache kila kitu kama kilivyo. Acha koleo. Acha na kamba. Umfuate Sadrack.

Usimalize karai.

Karima